Maua ya jioni

Harufu ilinikuta njiani, jioni, nikiwa mtu mzima mwenye haraka zangu. Nilikuwa nikipita kando ya ukuta wa nyumba nisiyoijua, na kabla sijageuza shingo kuangalia, tumbo lilikuwa limeshanikaza. Haikuwa furaha. Ilikuwa ile hali ya kumsubiri mtu ambaye hajatokea, na huku giza linaingia. Nikasimama. Chini ya ukuta palikuwa na kichaka cha kimo cha kiuno, kimejaa maua kama tarumbeta ndogo, yote yamefunguka. Maua ya jioni. Yalikuwa yamepita karibu miaka 20 tangu niyaone mara ya mwisho.

Nimesikia watu wengi wakisimulia maua ya utotoni mwao, na karibu wote husimulia wakitabasamu. Siwapingi. Ila mimi bustani ya kwanza niliyoijua ilinifundisha kupenda na kuogopa kwa pamoja, katika saa ileile ya siku, na imenichukua nusu ya maisha kuelewa kwamba vitu hivyo viwili havikugombana.

Bibi mzaa mama ndiye aliyekuwa akishinda nami. Mama aliondoka asubuhi nikiwa bado na matongo machoni, akarudi jioni. Nilikuwa na miaka mitano, labda sita. Kati ya kuondoka kwake na kurudi kulikuwa na siku nzima, na siku nzima kwa mtoto wa umri ule haina mwanzo wala mwisho. Basi nilikuwa nauliza. Bibi, mama anakuja saa ngapi? Bibi, bado? Nikijibiwa "saa kumi na moja" haikunisaidia, maana saa sikujua kuisoma. Yalikuwa maneno tu ya watu wazima.

Siku moja Bibi alichoka kujibu, au labda alinihurumia. Alinishika mkono akanipeleka kwenye tuta lililokuwa chini ya dirisha la chumba chake, akaniinamisha.

"Unayaona haya? Sasa hivi yamelala. Yakifunguka, ujue mama yako yuko njiani."

Tangu siku hiyo nikawa na saa yangu mwenyewe.

Tumba la ua la jioni nalijua kuliko ninavyojua vitu vingi nilivyosomea. Ni jembamba, limejisokota kama nguo iliyokamuliwa maji, na mchana kutwa halionyeshi dalili yoyote. Jua likianza kulegea, msokoto nao unalegea. Ncha inavimba kidogo. Kisha unaona mkunjo mmoja umeachia, halafu mwingine, na ukipepesa macho ua limeshakuwa wazi, nyuzi zake zimetokeza nje na chavua kwenye ncha. Nilichuchumaa pale mpaka miguu ikafa ganzi, nikijaribu kuikamata ile nukta yenyewe ya kufunguka. Sikuwahi. Kila mara nilikuwa nikitazama ua moja, jirani yake anafunguka.

Tulikuwa na michezo yetu, mimi na maua yale. Ukivuta taratibu kile kijungu cha kijani kilicho chini ya ua, hakikatiki. Kinatoka na uzi mrefu unaopita katikati, na ua linaning'inia kwenye uzi huo kama hereni. Nilikuwa nampokea mama nikiwa na hereni masikioni, nyingine nimemwekea yeye mkononi. Mbegu zake ni nyeusi, zina mikunjo, ukubwa wa punje ya pilipili manga au kupita kidogo. Bibi aliniruhusu kuzichezea lakini kila mara alinikagua mdomo, kwa sababu zina sumu, na mizizi yake pia. Nataja hili makusudi kwa mwenye mtoto mdogo na bustani.

Wataalamu wa mimea wanauita mmea huu Mirabilis jalapa. Asili yake ni Amerika ya kitropiki, lakini umesambaa karibu kila penye joto, na majina uliyopewa na watu wa mbali yamefungwa na saa: Waingereza wanaliita ua la saa kumi, Wafaransa wanaliita mrembo wa usiku. Nilipoyajua majina hayo, miaka mingi baadaye, nilijisikia kama mtu aliyeambiwa kwamba wimbo aliotungiwa na mama yake unaimbwa dunia nzima. Niliumia kidogo. Kisha nikafurahi.

Ufa wa kwanza ulitokea siku ya mawingu. Ilikuwa mchana bado, Bibi amejilaza, mimi nikapita chini ya dirisha nikakuta maua yamefunguka. Mengi. Nikapiga kelele za furaha, nikakimbilia mlangoni, nikakaa kizingitini na hereni zangu. Nilikaa sana. Maua yalikuwa wazi na mama hakuja. Bibi alipoamka akanikuta nimenuna, akaangalia juu, akaangalia tuta, akasema, "Leo yamedanganywa na wingu." Mama alirudi saa yake ileile, nami nikasahau. Au nilidhani nimesahau.

Carl Linnaeus, yule Mswidi aliyeipa mimea majina tunayotumia hadi leo, alikuwa na wazo la saa ya maua. Katika kitabu chake cha mwaka 1751 aliorodhesha mimea ambayo maua yake hufunguka na kufunga saa fulani za siku, ili mtu akitazama bustani ajue ni saa ngapi. Lakini kabla ya kuorodhesha, aliyagawa maua mafungu matatu: yanayofuata hali ya hewa, yanayofuata urefu wa mchana, na yale yanayoshika saa yake bila kuyumba. Hili fungu la tatu tu ndilo aliloona linafaa kutengenezea saa. Nilisoma hapo nikacheka peke yangu, halafu macho yakanilenga machozi. Linnaeus angemtahadharisha Bibi. Maua yanayoweza kuhadaiwa na wingu usiyape kazi ya kumpa mtoto ahadi.

Kwa sababu siku ilifika ambapo wingu halikuwepo. Maua yalifunguka kwa wakati, hewa ikajaa harufu, na mama hakurudi. Nikasubiri. Bibi akaniita ndani, nikakataa. Giza likaingia, nikabebwa. Siku ya pili yakafunguka tena, na mama hakurudi. Watu waliingia na kutoka wakizungumza kwa sauti za chini, na nilipokaribia walinyamaza au wakaniambia niende nikacheze. Hakuna aliyenieleza kwamba mama alikuwa amefanyiwa upasuaji wa ghafla. Walikuwa wananikinga. Ninaamini hivyo kabisa, na bado ninasema walikosea. Mtoto asiyeambiwa jambo hakai bila kujua. Anajitungia lake, na analojitungia mara nyingi ni baya kuliko lile analofichwa. Langu lilikuwa kwamba mama amenichoka.

Siku ya tatu nililing'oa tuta zima.

Nakumbuka mikono. Vikonyo vya mmea ule ni laini, vimejaa maji, vinakatika kwa mlio mdogo wa kukata kitu kibichi. Nilivunja, nikakanyaga, nikavuta. Vidole vikaingia rangi, kucha zikajaa udongo. Harufu ilikuwa kali sana, ya maua yaliyopondeka na majani mabichi kwa pamoja, na nadhani ni hiyo hasa iliyonifuata mpaka kwenye ukuta wa watu miaka 20 baadaye. Sikulia wakati navunja. Nilianza kulia nilipoinua uso nikamwona Bibi amesimama dirishani, ananiangalia, hasemi.

Nilijua nitachapwa. Bibi hakuwa mtu wa mchezo na matuta yake. Alitoka taratibu, akaketi chini, chini kabisa kwenye udongo, na magoti yake yalivyokuwa yanamsumbua. Akaanza kuokota maua yaliyovunjika akayaweka kwenye upande wa nguo yake. Akaokota mengi kabla hajasema neno.

"Maua hayakukudanganya, mjukuu wangu. Ni mimi niliyekudanganya."

Kisha akanieleza. Mama anaumwa. Yuko hospitali. Madaktari wanamtibu, na yeye Bibi hajui atarudi lini, ila akijua ataniambia siku hiyohiyo. Akasema maua hufunguka kwa sababu zake yenyewe na hayamjui mama, na kwamba yeye aliyatwika mzigo usio wao kwa sababu alichoka na maswali yangu. "Nisamehe," akasema. Sikuwa nimewahi kumsikia mtu mzima akimwomba mtoto msamaha. Nimewasikia wachache tangu hapo.

Nikamuuliza kama bustani imekufa. Akachimba kwa kidole kwenye kisiki kimoja akanionyesha: chini kulikuwa na mzizi mnene kama kiazi, mweusi kwa nje. Hujaufikia huu, akasema. Akafukia, akanipa kopo, tukamwagilia visiki.

Mama alirudi baada ya majuma kadhaa, amekonda, ananuka dawa, anatembea ameinama kidogo akishikilia ubavu. Sikumkimbilia. Hili aliwahi kunikumbusha kwa upole, kwamba nilijificha nyuma ya Bibi. Lakini jioni ile nilimshika kidole nikampeleka chini ya dirisha, na tukakuta visiki vimetoa machipukizi ya kimo cha kiganja. Maua hayakuwepo bado. Alikaa nami pale kwa muda mrefu bila kuuliza kilichotokea.

Hayo ndiyo niliyokuwa nayo tumboni nilipokuwa nimesimama kando ya ukuta ule.

Kuna maelezo ya kwa nini ni pua iliyonifikisha huko na si macho. Taarifa za kuona na kusikia hupitia kwanza kituo kilicho katikati ya ubongo kiitwacho thalamasi ndipo zisambazwe. Harufu haipitii hapo kwanza. Kutoka puani inafika karibu moja kwa moja kwenye amigdala, inayoshughulika na hisia kama hofu, na jirani yake hipokampasi, inayohusika na kumbukumbu. Kwa hiyo mwili unaweza kuogopa jambo ambalo akili bado inalitafutia jina. Nilipoyasoma haya nilipata ahueni kubwa. Nilikuwa nimejiona mtu dhaifu, kutetemeshwa na kichaka.

Usiku ule nilimpigia mama simu. Bibi alikuwa ameshafariki miaka saba nyuma, nyumba imeshauzwa, na chini ya dirisha lile wenyewe wapya walikuwa wamemwaga saruji. Nikamwambia mama, nimeyakuta maua mekundu ya Bibi.

"Mekundu?" akasema. "Mama hakuwa na mekundu. Yalikuwa ya njano. Mengine ya njano yenye michirizi ya waridi."

Nikabisha. Ningeweza kuapa. Nilikuwa nayaona mbele yangu, mekundu ya kukoza, nimekuwa nayaona hivyo maisha yangu yote. Mama akasisitiza, na yeye ndiye aliyekulia kwenye bustani ile. Mwaka 1932 mwanasaikolojia Mwingereza, Frederic Bartlett, alieleza majaribio aliyofanya kwa kuwapa watu hadithi na kuwaomba waisimulie tena baada ya muda: kila walipoisimulia ilibadilika, ikajazwa na kupunguzwa ili ipate maana kwao. Kukumbuka, kwa maelezo yake, ni kujenga upya. Basi nami niliijenga bustani upya, na nilipokuwa najenga nikatumia rangi ya ghadhabu. Rangi nilikosea. Mengine yote, kusubiri, harufu, Bibi akiwa ameketi kwenye udongo, mama aliyathibitisha, na akaniongezea nisiyoyajua.

Akaniambia kwamba hata yeye, akiwa mdogo, aliambiwa na Bibi maneno yaleyale kuhusu baba yake: yakifunguka, baba yuko njiani. Kwa hiyo alipokuwa hospitalini, na watoto hawakuruhusiwa wodini, kila siku jua likianza kulegea alijua mimi niko wapi. Alijua nimechuchumaa. Dirisha lake lilitazamana na ukuta wa jengo jingine, hakukuwa na hata jani. "Nilikuwa nageukia ukuta," akasema, "naanza kuyafungua mimi, moja moja, kichwani. Nikimaliza tuta lote, nalala."

Sikuweza kusema kitu. Mwaka 1984 mtafiti Roger Ulrich alichapisha matokeo ya kulinganisha wagonjwa waliotolewa kibofu cha nyongo katika hospitali moja ya Pennsylvania, Marekani: 23 ambao dirisha lao lilitazama miti, na 23 waliotazama ukuta wa matofali. Wa miti walikaa siku pungufu kidogo kabla ya kuruhusiwa, na walihitaji dawa kali za maumivu kidogo kuliko wenzao. Utafiti huo ulisaidia kuzifanya hospitali nyingi zifikirie bustani upya. Kila nikiuona umetajwa, namwaza mgonjwa mmoja upande wa ukuta, mwenye tuta lake kichwani.

Mbegu nilizipata kwa jirani wa zamani wa Bibi. Bibi alikuwa na desturi ya kumjazia mgeni mbegu kiganjani wakati wa kumsindikiza, na jirani huyo alizipanda nyuma ya nyumba yake akazisahau. Zenyewe hazikusahau, maana mmea huu hujiangushia mbegu na kuota bila kuombwa. Nilipofika jioni nikakuta ya njano. Yenye michirizi ya waridi. Mama alikuwa sahihi, na nilisimama pale nikisikia ile picha nyekundu ya miaka yote inakataa kuondoka. Haijaondoka mpaka leo. Ninazo zote mbili.

Kwenye kichaka kile tawi moja lilikuwa na majani yenye mabaka meupe. Baadaye nilijifunza kwamba ni mmea huuhuu ambao Mjerumani Carl Correns aliutumia, mwaka 1909, kuonyesha jambo lililowashangaza wanasayansi wa urithi wa wakati ule: mabaka ya namna hiyo hayafuati kanuni ya kurithi kutoka pande zote mbili. Rangi ya majani ya mche huamuliwa na tawi la mama lililozaa mbegu, na chavua hata ikitoka kwenye tawi la rangi gani, haibadilishi kitu. Nilimsomea mama habari hiyo kwenye simu. Akanyamaza, kisha akaniomba niisome tena.

Sasa nina tuta langu, na binti wa miaka mitano ambaye asubuhi hushika nguo yangu nikiondoka. Najua jinsi ilivyo rahisi. Siku ya kwanza maua yalipotoa matumba, sentensi ya Bibi ilinijia yote mdomoni, imeshakamilika, ikingoja kutoka. Nikaimeza. Nilimwambia nitarudi nikimaliza kazi, na kwamba nikichelewa nitampigia simu, na kama siwezi kupiga mtu atamwambia kweli nilipo. Haikumliwaza kama maua yalivyoniliwaza mimi. Alilia. Siku kadhaa alilia. Nilikuwa naondoka moyo umenikunjamana, nikijiuliza kama sijamnyima kitu kizuri nilichopewa mimi.

Lakini tuta amelipata. Jioni moja ya juzi nilirudi nikamkuta amechuchumaa, mikono imekumbatia magoti, na hakuinuka kunipokea. Nikaketi kando yake, chini kabisa, kwenye udongo. Matumba yalikuwa yameanza kulegea.

"Mama," akaniuliza, "yanamfungukia nani?"

"Nondo. Kuna nondo mwenye ulimi mrefu, anatoka jua likizama. Kwa harufu hii yanamwita yeye."

"Na asipokuja?"

"Asubuhi yanafunga. Kesho yanafunguka mengine."

Akafikiri. Hereni moja ya njano ilikuwa inaning'inia sikioni mwake, nyingine imeshadondoka begani. Tulikaa hadi rangi zikaanza kupotea, tukabaki na harufu tu. Kisha kitu cha kijivu kikatokea juu ya kichaka, mabawa yanakwenda kasi hadi hayaonekani, kikasimama hewani mbele ya ua moja. Binti yangu alinibana kidole kwa nguvu ili nisitikisike.